Mashindano na Mtu Mwenye Ndoo Kichwani

Bwana Mhariri,

Naomba nafasi kidogo katika gazeti letu la muhula ili nitoe maoni yangu juu ya mama zetu. Najua wako wenzangu watakaocheka wakiona mvulana wa Kidato cha Tatu aandika habari za mama yake. Wacheke tu, maana mimi nami nilicheka kabla yao, kisha nikachekwa.

Mambo yalianza Jumapili ya pili ya mwezi wa Mei. Nilikuwa nimesikia kwamba siku hiyo nchi nyingi huadhimisha Siku ya Mama. Basi nikaamka mapema, nikamkuta mama uani akifunga kiroba kiunoni tayari kwenda kuvuna pamba. Nikamwambia, "Mwangaluka mayu. Hongera kwa Siku ya Mama." Akanitazama toka kichwani hata miguuni, akauliza, "Hongera ya nini, ng'wana wane? Kwani nimejifungua?" Kisha akanipa kiroba cha pili. Ndivyo nilivyoiadhimisha siku ile, shambani, hata jua likazama.

Baadaye nilisoma asili yake. Ilianzishwa Marekani na mwanamke aitwaye Anna Jarvis, aliyetaka mama yake akumbukwe; ibada ya kwanza ilifanywa mjini Grafton mwaka 1908, na mwaka 1914 Rais Woodrow Wilson akaitangaza kuwa siku ya taifa zima. Lakini wafanya biashara walipoanza kujitajirisha kwa kuuza kadi na maua, bibi huyo alikasirika sana, akatumia miaka mingi kuipinga siku aliyoianzisha mwenyewe. Naona Bibi Jarvis na mama yangu wangalipatana vizuri. Wote wawili hawakutaka kadi.

Sasa niwaelezeni huyu mama. Watu humwita Mama Kulwa, kwa kuwa sisi ni mapacha. Kulwa ni ndugu yangu wa kike aliyetangulia kuzaliwa, na mimi ni Doto, kama ilivyo desturi yetu Wasukuma. Alinitangulia kwa dakika chache tu, lakini kwa dakika hizo amelichukua jina lote la mama, mimi sikubakiziwa hata herufi moja.

Mama, kama mama wengi wa hapa Shishiyu, ana sheria zake. Akikutuma dukani hutema mate chini, na sharti urudi kabla hayajakauka. Mwezi wa Machi, mvua ikinyesha, jambo hilo lawezekana. Lakini mwezi wa Agosti, kwa jua letu hili, mate hukauka kabla hujavaa viatu, na adhabu ni ile ile. Tukienda ugenini tukakaribishwa chakula, hatukatazi kwa mdomo. Hukutazama mara moja tu, nawe papo hapo washiba. Ukileta alama mbaya, atauliza kama waliofaulu wana vichwa viwili. Ukijibu kwamba hata wengine wameanguka, atasema kwamba yeye hakuwazaa hao wengine.

Wakati wa pamba hutukalisha mkekani tutenge pamba safi na pamba fifi, naye amezoea kazi hiyo hata huwachambua rafiki zetu: huyu safi, yule fifi. Rafiki yangu mmoja amekuwa fifi tangu darasa la nne, kwa kosa la kula michembe ya watu bila kunawa mikono.

Tena hukagua madaftari yetu, ingawa yeye mwenyewe aliishia darasa la pili. Hasomi maneno, huhesabu kurasa nyeupe. Mwaka jana alilifungua daftari langu la Historia, akalifunua mpaka mwisho, akaniuliza kwa huzuni, "Mwalimu wenu amefariki?"

Basi mwezi wa Juni tulipata ripoti za mtihani. Mimi nilikuwa wa 9 darasani, Kulwa alikuwa wa 17. Nilifika nyumbani nikiimba. Nikamweleza mama kwamba sisi tumezaliwa siku moja, twasoma darasa moja, kwa walimu wale wale na taa ile ile. Yaonekana basi akili iligawanywa tumboni, na mimi nikapewa fungu kubwa. Kulwa hakusema neno, maana wakati huo alikuwa akitua ndoo. Mama akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Umeshinda mbio, Doto. Lakini umeshindana na mtu mwenye ndoo kichwani."

Neno lile sikulijali. Lilikuja kunikuta mwezi wa Julai, shule ilipokwisha funguliwa. Bibi yetu mzaa mama aliugua, na mama akaenda kumwuguza kwa siku 9. Kabla ya kuondoka alitoa amri mbele ya baba: "Siku hizi nisipokuwapo, Doto abebe ndoo, Kulwa abebe kitabu." Baba akaitikia, nami sikuwa na pa kukata rufani.

Siku ya kwanza niliamka saa kumi na moja alfajiri. Kisimani nilikuta foleni ya wanawake na wasichana. Mvulana nilikuwa peke yangu, na mama mmoja mwenye huruma akaniuliza kama kwetu kuna msiba. Ndoo ya maji ya lita 20 ina uzito wa kilo 20. Jambo hilo nililijua siku nyingi katika Fizikia, lakini shingo yangu ilikuwa haijaambiwa. Nilifika nyumbani na nusu ya maji, nusu ya pili ilikuwa katika shati langu.

Jioni nikasonga ugali. Moto wa mabua ya pamba wataka mtu wa kuuchochea kila mara, na ugali nao wataka mtu wa kuusonga kila mara, nami nina mikono miwili tu. Baba alichukua donge moja, akalipasua, akaona unga mkavu ndani, akaniuliza kwa upole kama lile lirudishwe mashineni likasagwe tena. Kulwa alicheka mpaka akatoka nje.

Siku ya nne mimi niliacha kucheka, nikafanya hesabu. Kuchota maji asubuhi na jioni, kupika, kuosha vyombo na kufagia vilinichukua saa 3 kila siku. Kwa juma moja ni saa 21. Nilipofungua kitabu usiku, herufi zilikuwa zikiogelea. Na darasani mwalimu aliniamsha mara mbili. Siku ya tisa tulipewa jaribio la Hisabati. Kulwa alipata 74, mimi nilipata 52. Katika siku 9 kichwa chake hakikubadilika, wala changu hakikubadilika. Kilichobadilika ni ndoo, iliyotoka kichwa kimoja ikaenda kingine.

Usiku ule niliwaza jambo ambalo sikupata kuliwaza. Mama aliishia darasa la pili, na sababu yake tumeisikia mara nyingi kama hadithi ya kawaida tu: alitolewa shule asaidie kuchota maji na kulea wadogo zake. Yeye anayeweza kukagua daftari bila kusoma, je, angalisoma angalikuwa wa ngapi darasani?

Ndugu wasomaji, maoni yangu ni haya. Kumsifu mama kwa maneno ni vizuri, lakini mama hapumziki kwa sifa. Tukitaka kumheshimu, tushike ndoo yake, na ile ya dada zetu, kabla hawa dada nao hawajawa mama wenye kuhesabu kurasa nyeupe. Tangu mwaka 2016 Serikali imeondoa ada katika shule zake, Kidato cha Kwanza hata cha Nne, na sote twashukuru. Lakini hakuna waraka wa Serikali uwezao kuingia jikoni na kugawa saa. Hilo latupasa sisi.

Wengine watasema kwamba mvulana naye huchunga ng'ombe. Ni kweli, nami huchunga kila Jumamosi. Lakini mchungaji aweza kukaa chini ya mti na kitabu chake. Sijaona aliyesoma kitabu akiwa na ndoo kichwani. Wengine watasema kwamba jikoni si mahali pa mwanamume. Hapa shuleni tuna orodha ya zamu, wavulana hufagia madarasa na kuchota maji, na hata leo sijasikia aliyepoteza ndevu kwa sababu hiyo. Basi orodha ile ile ibandikwe nyumbani.

Wazazi wetu, hasa baba zetu, nawaomba mtoe amri hiyo, maana ikitolewa na baba haina ubishi. Walimu wetu, msichana akisinzia darasani, tafadhali mwulizeni kwanza ameamka saa ngapi. Nanyi wavulana wenzangu mnaojisifu kwa nafasi zenu, jaribuni siku 9 tu, halafu tufanye mtihani.

Kwetu sasa ni zamu, siku moja Kulwa na siku moja mimi. Nilipomweleza mama kwamba naandika habari hizi gazetini, aliuliza kama kuandika kutachukua muda mrefu, maana leo ni siku yangu ya maji. Bwana Mhariri, naishia hapa. Mama amekwisha tema mate chini, nasi tuko mwezi wa Agosti.

Ni mimi,
Doto,
Kidato cha III, Shishiyu.