KANISA LA MAGOGO LA PETÄJÄVESI

Mtu wa Leparua, katika nchi ya Isiolo, akitaka nguzo ya nyumba au ya boma, huulizia kwanza mtarakwa, kwa kuwa ajua ya kuwa mti huo hauliwi upesi na mchwa. Mbao nyingine huanguka baada ya miaka michache tu. Kwa sababu hiyo watu wengi husadiki ya kuwa nyumba ya Mungu ikitakiwa idumu haina budi kujengwa kwa mawe. Lakini huko Ulaya ya kaskazini liko kanisa la mashambani, la madhehebu ya Kilutheri, lililojengwa kwa magogo matupu, nalo limekwisha kupita miaka 250.

Kanisa hilo liko Petäjävesi, katikati ya nchi ya Finland. Lilijengwa tangu mwaka 1763 hata 1765, wakati nchi hiyo ilipokuwa chini ya mfalme wa Swideni. Fundi wake mkuu, Jaakko Klemetinpoika Leppänen, alikuwa seremala wa mashamba kama wakulima wenziwe. Mahali palipochaguliwa ni kando ya ziwa, wala si bila sababu: wakati wa joto watu walikuja ibadani kwa mashua, na wakati wa baridi kali walipita juu ya maji yenyewe yaliyoganda yakawa barafu.

Kuta zake ni magogo ya misonobari yaliyolazwa moja juu ya jingine, na pembeni yamechongwa yakaumana. Umbo lake ni la msalaba, na katikati dari imeinuka kama kuba yenye pande nane. Fundi yule alikuwa amesikia au kuona namna makanisa makubwa ya mijini yalivyojengwa kwa mawe, naye akayafuata kwa shoka na mti wa kwao. Ndani, mbao za kuta hazikupakwa rangi. Mimbari yake imechongwa kwa mkono, nayo imebebwa na sanamu ya Mtakatifu Kristofa. Mwaka 1821 mjukuu wake, Erkki Leppänen, aliongeza mnara wa kengele.

Hata mwaka 1879 wenyeji walipata kanisa jipya, na lile la zamani likaachwa. Hapo ndipo lilipokuwa katika hatari kubwa. Kwa kawaida nyumba ya mti isiyo na mtu haikawii kufa: paa likivuja, maji hushuka ukutani, gogo la chini huoza, na lililo juu yake hufuata. Tena watu wakiona ya kuwa nyumba haina kazi, hawaoni haya kuzichukua mbao zake. Lakini makaburi ya wazee yalikuwa pale pale, na mnara wa kengele uliendelea kutumika. Basi watu hawakuacha kwenda mahali pale, na jengo likasalimika.

Katika miaka ya 1920 mtaalamu mmoja wa Austria, Josef Strzygowski, alilitazama akatambua thamani yake, na baadaye kazi ya kulitengeneza ikaanza. Mwaka 1994 shirika la Umoja wa Mataifa liitwalo UNESCO liliandika kanisa hilo katika orodha ya mali za urithi wa dunia nzima. Kazi ya seremala wa shamba ikawekwa katika orodha moja na majumba ya wafalme.

Walutheri wamo katika Kenya pia. Wamisionari wao kutoka Ujerumani walifika Jimba, karibu na Rabai, mwaka 1886. Na mwaka 1948 wengine kutoka Swideni walianza kazi katika nchi ya Wagusii. Tena si kwa Walutheri peke yao. Katika madhehebu yote, sala za kwanza mahali pengi zilisaliwa katika nyumba za miti na udongo. Desturi ya siku hizi ni kwamba kanisa la mawe likiisha kuezekwa, la zamani hubomolewa, na miti yake huwa kuni.

Mwenye kujenga upya hana kosa, kwa maana watu huongezeka na nyumba ya kwanza haiwatoshi. Lakini kabla shoka halijainuliwa, wazee wa kanisa wangefanya vema kutazama kama paa laweza kuzibwa, kama nguzo zaweza kuwekwa juu ya mawe ili mchwa na unyevu visizifikie, na kama nyumba ile yaweza kupewa kazi nyingine, iwe darasa au mahali pa mikutano. Petäjävesi haikuokolewa na fedha kwanza. Iliokolewa na watu walioendelea kupita mlangoni pake. Nyumba ikiisha kubomolewa, mtoto atakayeuliza babu zake walisali wapi ataonyeshwa uwanja mtupu.