Boya si mjinga: Meli nyeusi zinazofanya kazi ambayo simu yako haiwezi

Wabongo wakikuita boya, jua hawajakusifu. Kwao boya ni mtu anayeelea tu maishani, hajielewi. Lakini boya la ukweli, lile la baharini, halielei ovyo hata kidogo. Limefungwa kwa mnyororo mzito kwenye bonge la zege la tani kadhaa lililolala chini kabisa, na likihama mahali pake, meli ya mafuta inaweza kujikuta juu ya mwamba. Kuna watu wanaolipwa mshahara kuhakikisha halihami.

Kazi yao imeingia kwenye mabishano huko Marekani. Aprili 2025, Walinzi wa Pwani wa nchi hiyo walitoa pendekezo la kuondoa karibu maboya 350 upande wa kaskazini mashariki, kuanzia Maine kushuka hadi New Jersey. Hoja yao ni kwamba mengi yaliwekwa kabla ya GPS, na siku hizi nahodha ana ramani ya kielektroniki na mvuvi mdogo ana simu mfukoni. Basi boya la nini? Wavuvi na wenye mashua wakawaka. Walisema mitambo huzima, betri huisha, na ukungu wa pwani ile haukuulizi kama una chaji.

Ukitaka kujua nani ana point hapo, anza na meli zenyewe zinazoyatunza hayo maboya.

Kubwa zaidi ni za aina ya Juniper. Zilijengwa 16 huko Marinette, Wisconsin, ya kwanza ikaanza kazi 1996. Urefu ni futi 225, kama mita 69 hivi. Meli nyingi za Walinzi wa Pwani wa Marekani ni nyeupe pe, lakini hizi mwili wake ni mweusi, na ukiona vile vyuma vyenye kutu vinavyozigonga ubavuni kutwa nzima, utaelewa mbona. Sehemu ya mbele imeachwa wazi kama uwanja, chini chini karibu na maji, na juu yake kuna kreni ya kuinua tani 20. Nahodha na wenzake wako nyuma yake, ghorofani, wanaona kila kitu kinachofanyika pale mbele.

Uchawi uko kwenye kutulia. Meli ya kawaida imeundwa kwenda. Hii imeundwa kusimama. Ina rafadha moja kubwa nyuma, halafu visukumizi vya pembeni, omo na tezi, vinavyoisogeza kushoto na kulia. Kompyuta inaviendesha vyote pamoja ili meli ibaki ndani ya duara la mita 10 hata upepo ukivuma kilomita 55 kwa saa. Na hiyo kompyuta inajuaje iko wapi? GPS! Ndiyo maana hii stori ya "GPS ama boya" naiona imekaa upande. Boya lenyewe siku hizi huwekwa kwa GPS. Ni timu moja.

Sasa kazi. Meli inakaribia, kijana anaegemea ubavuni na kulinasa boya kwa ndoano, kreni inavuta. Tani za chuma zinapanda juu zikichuruzika maji, zimejaa kome, magugu na mavi ya ndege, zinabembea huku deki nayo inapanda na kushuka. Likishalazwa na kufungwa, wengine wanalikwangua, wengine wanaangalia taa na betri. Mnyororo unapimwa, kwa sababu sehemu inayosugua mchanga chini huliwa kidogo kidogo hadi pete nene inabaki nyembamba. Kipande kilicholiwa kinakatwa, kipya kinaunganishwa kwa pini ya chuma iliyopashwa moto ikawa nyekundu na kupondwa kwa nyundo kubwa, kijana mmoja hapa, mwingine pale, kwa zamu. Kisha zege linaachiliwa, na mnyororo unalifuata kwa kasi na kelele za kutisha. Ukiwa umesimama mahali pabaya, unaenda nao. Wengi wanaofanya hii kazi ni rika letu, na hakuna anayewauliza digrii.

Tarehe 28 Januari 1980, meli moja ya maboya iitwayo Blackthorn iligongana na meli ya mafuta Capricorn usiku, Tampa Bay, Florida. Nanga ya Capricorn ilinasa kwenye ubavu wa Blackthorn, mnyororo ukakaza, ukaipindua. Waliokuwa ndani ni 50, 23 walikufa. Mmoja wao, William Flores, alikuwa na miaka 18. Alibaki akiwarushia wenzake jaketi za kuokoa maisha, akalifunga wazi lile sanduku la jaketi kwa mshipi wake ili zilizobaki zielee zenyewe.

Kwa hivyo nikisikia "tuondoe, watu wana simu," nauliza: ni teknolojia inaongea ama ni bajeti? Maboya yanakula pesa, na meli za kuyatunza zimezeeka. Smilax, inayohudumu maji ya ndani huko North Carolina, ilianza kazi 1944. Hiyo ni shosho! Oktoba 2022 kampuni ya Birdon ilipewa kandarasi ya kuziba hilo pengo, mpango ukiwa kujenga meli 30 mpya za mito na maji ya ndani. Sababu moja ni kwamba nyingi za zamani hazina mahali pa kulala wanawake. Mnunue meli mpya huku mkipunguza maboya? Labda hesabu inaingiana, lakini wasituambie ni simu.

Simu nayo hudanganywa. Mei 2025 meli ya makontena MSC Antonia ilikwama karibu na Jeddah, na wachambuzi wa usafiri wa bahari wakashuku GPS yake ilivurugwa. Hiyo ni Bahari ya Shamu, jirani yetu kabisa.

Hapa Kenya, Walinzi wa Pwani waliozinduliwa 2018 wanashughulika zaidi na uvuvi haramu na magendo. Maboya ya Kilindini ni ya Mamlaka ya Bandari, KPA. Simu unayosomea hii, ikiwa ilikuja kwa meli, ilipita katikati yake. Ukikaa Mama Ngina jioni uone meli inaingia, mekundu yako kushoto kwake, ya kijani kulia. Amerika ni kinyume: ukiingia bandarini, nyekundu ni kulia. Baharia akitoka New York kuja Mombasa lazima ageuze kichwa njiani.