Chai wachume wanawake, viti wakalie wanaume?

Juni 10, 2008, ndege ndogo iliyokuwa ikielekea Kericho kutoka Nairobi ilianguka Narok. Waliokufa ni Waziri wa Barabara Kipkalya Kones aliyekuwa mbunge wa Bomet, Waziri Msaidizi Lorna Laboso aliyekuwa mbunge wa Sotik, rubani na mlinzi. Kesho yake eneobunge la Ainamoi, Kericho, lilikuwa na uchaguzi mdogo, na viongozi hao walikuwa njiani kwenda huko. Septemba mwaka huo Bomet ikamchagua mjane wa Kones, Beatrice. Sotik ikamchagua dadake Lorna, Joyce Laboso, mhadhiri wa Chuo Kikuu cha Egerton.

Ndivyo mlango wa siasa ulivyofunguliwa kwa wanawake wawili wa Kericho na Bomet, ukanda wa majani chai: kupitia matanga. Ilikuwa rahisi kumhesabu Joyce mbunge wa rambirambi, wa kumaliza muhula wa dadake kisha arudi darasani. Badala yake, mwaka 2013 alitetea kiti kwa tiketi ya chama cha URP, akashinda, na wabunge wakamchagua Naibu Spika wa Bunge la Kitaifa. Hapo hakuna aliyekuwa akimpa pole tena.

Mwaka 2017 aliamua kumkabili Isaac Ruto katika kinyang'anyiro cha ugavana wa Bomet. Huyu hakuwa mtu wa kubezwa. Alikuwa gavana wa kwanza wa Bomet, mwenyekiti wa kwanza wa Baraza la Magavana, kiongozi wa Chama Cha Mashinani na mmoja wa vinara watano wa muungano wa upinzani wa NASA. Laboso, akiwa na tiketi ya Jubilee, alimwangusha. Yeye, Charity Ngilu wa Kitui na Anne Waiguru wa Kirinyaga ndio waliokuwa magavana wa kwanza wanawake kuchaguliwa Kenya.

Kampeni yenyewe haikuwa ya heshima. Mumewe, Edwin Abonyo, ni Mluo, na wapinzani walishikilia hapo hapo: ameolewa kwingine, basi akatafute kura ukweni. Ni vigumu kumkumbuka mwanasiasa mwanamume aliyetakiwa jukwaani aeleze mkewe katoka wapi. Wapiga kura wa Bomet walisikia hayo yote, wakamchagua binti yao.

Hakupewa muda. Saratani ilimpeleka Uingereza kisha India kutafuta matibabu, na Julai 29, 2019 akafariki Nairobi, miaka miwili tu tangu achaguliwe. Alizikwa Fort Ternan, kaunti ya Kisumu, nyumbani kwa mumewe. Naibu wake, Hillary Barchok, akashika usukani na kuchaguliwa kwa haki yake mwaka 2022.

Uchaguzi huo wa 2022 Kenya ilipata magavana wanawake saba. Kericho na Bomet hazikutoa hata mmoja. Kaunti hizi mbili zina maeneobunge 11, na yote 11 yalichukuliwa na wanaume. Ni kweli Bomet ilimchagua Linet Chepkorir akiwa na miaka 24, jambo la kujivunia, lakini alipewa kiti cha Mwakilishi wa Kike, ambacho mwanamume hana ruhusa ya kukigombea.

Linganisha na shambani. Alfajri Konoin kule Bomet au Belgut kule Kericho utawakuta kina mama wamejifunga aproni za plastiki, kikapu mgongoni, vidole vikichuma majani mawili na chipukizi huku umande ukiwalowesha hadi kiunoni. Februari 2023 BBC iliripoti kuwa zaidi ya wanawake 70 waliofanya kazi katika mashamba makubwa ya chai ya Kericho walidai kunyanyaswa kingono na wasimamizi wao. Mwanamke wa namna hiyo anahitaji mbunge anayejua uzito wa jambo hilo bila kuelezwa mara mbili. Wanaume wanaweza, bila shaka, lakini wamekuwa na nafasi miaka mingi.

Kisingizio kwamba Wakipsigis, wenyeji wa kaunti hizi, hawachagui wanawake kilizikwa Sotik mwaka 2008, kikazikwa tena Bomet mwaka 2017. Kizingiti kiko kwenye mchujo wa chama, kwa kuwa huku anayepata tiketi ya chama kinachovuma huwa amekwisha kushinda nusu ya safari, na tiketi hugawanywa kwenye vikao ambavyo wanawake ni wachache. Kwa hiyo mwenye kura Kericho na Bomet asingoje Agosti 2027. Aende kwenye mchujo, na kabla ya hapo awaulize maafisa wa chama chake ni wanawake wangapi wataruhusiwa kugombea ubunge na ugavana.