Ufunguo wa Haki Usifichwe Mfukoni

Mnamo Desemba 2000 Mahakama Kuu iliamua kwamba KACA haikuwa na mamlaka ya kushtaki mafisadi. Mamlaka hayo yalikuwa ya Mwanasheria Mkuu, mteule wa Rais. Wakubwa wakapumua.

Katiba ya 2010 ilimkabidhi ufunguo huo Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, asiombe idhini ya mtu yeyote. Tulishangilia. Hata hivyo, tume ya kupambana na ufisadi huchunguza bila mamlaka ya kushtaki. Yeye ndiye aamuaye nani ashtakiwe. Kuiondoa kesi mahakamani kwahitaji ruhusa ya mahakama, lakini kesi asiyoifungua kwa kawaida haimfikii hakimu.

Twadai basi: akikataa kumshtaki mkubwa, sababu zitangazwe hadharani upesi. Mali iliyoibwa ni yetu. Makanisa yasinyamaze.