Alba Hakuwa Ngao ya Eklesia

Wako Wakristu wenzetu wasemao: "Alba alikuwa mkali, lakini aliiokoa dini." Tumeyasikia maneno hayo mara nyingi, tena vinywani mwa watu wema. Sisi tunayakataa. Katika nchi zile alizotumwa kuzituliza, hakuna Mprotestanti aliyeliharibu jina la Eklesia kama alivyoliharibu yeye.

Fernando Álvarez de Toledo, bwana wa Alba, alizaliwa Hispania mwaka 1507. Vita alivijua, hilo hatubishi. Mwaka 1547 ndiye aliyeongoza jeshi la Kaisari likashinda Mühlberg, Ujerumani. Lakini wanaomwita ngao ya Eklesia wausome na mwaka 1556. Mwaka ule alikuwa akitawala Napoli kwa niaba ya Felipe II, mfalme wa Hispania. Alivuka mpaka na askari wake, akaingia kwa nguvu katika nchi ya nani? Ya Baba Mtakatifu mwenyewe, Papa Paulo IV! Amani ilipofanyika mwaka 1557, alikwenda Roma kupiga magoti na kuomba radhi. Vema, alipiga magoti. Lakini kwanza alikuwa amepiga vita. Bwana wake wa kwanza alikuwa mfalme.

Siku zile Ubelgiji na Uholanzi za leo zilikuwa chini ya Felipe. Mwaka 1566 Waprotestanti waliingia katika makanisa mengi, wakavunja sanamu na altare. Lilikuwa tendo la aibu, wala hatulipunguzi. Ila watu husahau jambo moja: Margaret wa Parma, dada wa mfalme aliyetawala huko, alikuwa amekwisha kurudisha utulivu kabla Alba hajafika, naye aliomba jeshi lisiletwe. Lililetwa. Tarehe 22 Agosti 1567 Alba aliingia Brussels na askari wapata 10,000.

Hapo akaweka baraza la kuhukumu wenye fujo. Wenyeji waliliita Baraza la Damu, na watu zaidi ya 1,000 waliuawa kwa hukumu zake. Walikuwa Waprotestanti wote? Tarehe 5 Juni 1568, katika uwanja mkubwa wa Brussels, alikatwa kichwa Egmont, na pamoja naye Hoorn. Egmont alikuwa Mkatoliki. Ndiye aliyemshindia Felipe vita vya Saint-Quentin mwaka 1557 na vya Gravelines mwaka 1558. Rythovius, askofu wa Ypres, alimwombea huruma kwa Alba asipate. Akabaki na kazi moja tu, kumwungamisha mtu yule na kumsindikiza mpaka mahali pa kufa. Tunauliza: siku ile Eklesia ilisimama upande gani, wa askofu aliyeomba au wa jemadari aliyekataa?

Kisha ikaja kodi. Alba alitaka kila kitu kinachouzwa, isipokuwa mashamba na nyumba, kitoe sehemu ya kumi ya bei yake. Kitambaa kikiuzwa mara nne, kilipe mara nne! Wenye maduka wa Brussels walifunga milango yao. Mwenye kufunga duka kwa ajili ya kodi si mzushi. Ni mtu mwenye watoto wa kulisha. Lakini kodi hiyo iliwatia Wakatoliki na Waprotestanti katika hasira moja, jambo ambalo Willem wa Orange, mkubwa wa waasi, alikuwa hajaliweza kwa maneno yake. Tarehe 1 Aprili 1572 waasi wa baharini walipouteka mji wa Brielle, miji mingi ilifungua malango.

Mmoja wao ni Mechelen, ambao wengi wetu tunaujua kwa Kifaransa, Malines, mji wa kiti cha askofu mkuu. Uliwapokea askari wa Orange, kisha wakaondoka. Mwezi wa Oktoba 1572 jeshi la Alba likafika, likiongozwa na mwanawe Fadrique. Mapadri walitoka kulilaki wakiimba zaburi za toba. Askari hawakuwa wamelipwa mshahara. Basi walilipwa mji. Siku tatu waliiba nyumbani, katika nyumba za watawa na makanisani, na vyombo vitakatifu vikauzwa. Waliovunja altare mwaka 1566 waliitwa maadui wa Mungu. Hawa tuwaiteje?

Tutajibiwa kwamba Papa Pio V alimpelekea Alba upanga na kofia vilivyobarikiwa. Ni kweli, hatufichi. Alivipeleka baada ya ushindi wa Jemmingen wa mwaka 1568. Lakini Pio V alikufa tarehe 1 Mei 1572, miezi mitano kabla ya Mechelen. Msimtwike marehemu baraka ya jambo asiloliona.

Tena tutaambiwa kwamba waasi nao waliua. Waliua, ndiyo. Mashahidi 19 wa Gorkum, mapadri na watawa, walinyongwa karibu na Brielle tarehe 9 Julai 1572. Hao ndio tunaowaheshimu altareni, na hakuna hata mmoja aliyeshika upanga. Miezi michache baadaye askari wa Alba waliwaua watu wa Naarden, na mwaka 1573, Haarlem ulipojitoa, waliwaua askari wake wengi waliokwisha kuweka silaha chini. Je, damu ile iliwalipia wale 19?

Alba aliondoka Desemba 1573, vita vikiwa vikubwa kuliko alivyovikuta. Viliendelea mpaka 1648. Nyuma yake aliacha ngomeni Antwerp sanamu yake mwenyewe, iliyotengenezwa kwa shaba ya mizinga aliyoiteka Jemmingen, yenye maandishi ya kumsifu kwamba amerudisha dini na amani. Requesens, Mhispania na Mkatoliki kama yeye, aliyetumwa na mfalme yuleyule kushika kazi yake, aliiondoa mwaka 1574.