Mabaki au Majirani? Wahadzabe, Akiolojia na Msamiati Wetu

Katika maelezo ya Kiswahili juu ya historia ya kale, Wahadzabe wa bonde la Eyasi, kaskazini mwa Tanzania, aghalabu hutajwa kuwa ni "mabaki ya Zama za Mawe", watu "wanaotangatanga" porini. Maneno haya huonekana kuwa ya kisomi. Hoja yangu ni kwamba ni urithi wa ukoloni tulioupokea bila kuuhoji, na kwamba hasara yake huwaangukia Wahadzabe wenyewe.

Tuanze na ardhi. Amri ya Kijerumani ya Novemba 1895 ilitangaza kuwa ardhi ya Afrika Mashariki ya Kijerumani isiyo na mwenyewe ni mali ya dola. Aliyedai umiliki alipaswa kuuthibitisha. Mkulima aliweza kuonyesha shamba, mfugaji akaonyesha zizi. Mwindaji angeonyesha nini? Hapo ndipo neno "kutangatanga" linapofanya kazi ya kisheria. Kutangatanga ni kwenda bila lengo, ilhali Mhadzabe huhama kwa kufuata majira ya maji, wanyama, asali na matunda. Anayehama ana kwao, anayetangatanga hana.

Wataalamu nao walichangia. Ludwig Kohl-Larsen, Mjerumani aliyechimbua pango la Mumba mwaka 1934 na 1938, alikuja kutafuta binadamu wa kale. Alikusanya pia hadithi za Wahadzabe na kuzichapisha kwa Kijerumani, akiwaita kwa jina la Watindiga walilopewa na wengine. Vitu alivyovichimbua vilipelekwa Ujerumani, na mkusanyo wake umehifadhiwa Tübingen. Hivyo, zana za kale na masimulizi ya watu walio hai viliwekwa katika kapu moja.

Hata hivyo, ushahidi wa ardhini hauungi mkono picha ya watu waliosimama nje ya wakati. Matabaka ya Mumba yanaanzia zaidi ya miaka 100,000 iliyopita hadi Zama za Chuma. Humo mna zana za mawe, shanga za kaka la yai la mbuni na, katika matabaka ya juu, vigae vya vyungu. Ni kumbukumbu ya mabadiliko. Kadhalika, Wahadzabe wamekuwa wakibadilishana nyama na asali na majirani zao ili kupata chuma, na hufua misumari kuwa vigumba vya mishale. Je, mtu anayefua chuma ataitwaje mtu wa Zama za Mawe?

Yamkini msomaji atapinga kwamba lugha ya Kihadza haina undugu uliothibitishwa na lugha nyingine yoyote, na kwamba hiyo ni dalili ya ukale. La hasha. Upweke wa lugha hauigandishi. Kihadza kimebadilika kizazi hadi kizazi kama Kiswahili kilivyobadilika. Wala mwanaakiolojia hawezi kudai kuwa wakazi wa kwanza wa Mumba walikuwa Wahadzabe. Kulinganisha ni njia halali ya utafiti. Kulinganisha si kufananisha.

Suala hili si la maneno matupu. Serikali ya Waingereza ilijaribu kuwalazimisha Wahadzabe wawe wakulima mwaka 1927 na tena 1939. Baada ya uhuru, katikati ya miaka ya 1960, nasi tulijaribu hayo hayo huko Yaeda. Majaribio yote yalishindwa. Ni mwaka 2011 tu ambapo jamii za Wahadzabe wa Yaeda zilipata hati za ardhi ya kimila. Wahenga walisema: asiyekuwepo na lake halipo. Kumwita mtu mabaki ni kutangaza kwamba hayupo.

Napendekeza mambo matatu kwa waandishi na wafasiri wetu. Kwanza, watu hawa waitwe Wahadzabe, jina wanalojiita wenyewe. Pili, "Zama za Mawe" litumike kwa matabaka na zana, si kwa watu walio hai. Tatu, "kutangatanga" kuondolewe, "kuhama" kuchukue nafasi yake. Akiolojia imekwisha kutuonyesha kuwa bonde la Eyasi halikuwa tupu. Imebaki lugha yetu kukiri hivyo.