Meli Isiyo na Mizinga

Watu wengi wasikiapo habari za jeshi la majini hufikiri mara moja juu ya manowari, mizinga na vita. Lakini kila jeshi kubwa la majini lina pia meli za usaidizi ambazo kazi yake si kupigana. Nyingine huchukua mafuta na vyakula, nyingine hutumiwa kujaribia silaha mpya, na nyingine huchunguza bahari yenyewe. Observation Island ya Marekani, kwa mfano, ilianza maisha yake kama meli ya biashara. Nayo ndiyo iliyorusha kombora la kwanza la Polaris kutoka melini baharini, tarehe 27 Agosti 1959.

Meli nyingine ya namna hiyo iliitwa Mizar, jina la nyota mojawapo mbinguni. Ilijengwa mwaka 1957 ili kupeleka shehena katika nchi za barafu, na kwa sura haikuwa na fahari yoyote. Sababu ya kupewa kazi nyingine ilikuwa msiba.

Tarehe 10 Aprili 1963, nyambizi ya Marekani iitwayo Thresher ilikuwa ikijaribiwa katika kina kirefu cha bahari ya Atlantiki, baada ya kufanyiwa matengenezo. Haikurudi juu. Watu 129 walikufa, wanamaji pamoja na mafundi waliokuwamo. Hapo ndipo ilipodhihirika upungufu mkubwa: wanadamu walikuwa wamekwisha kuunda vyombo vya kushuka chini sana, lakini hawakuwa wamejiweka tayari kuvitafuta vikipotea huko. Mabaki yalilala chini ya maji kiasi cha mita 2,500, mahali ambapo mwanga wa jua haufiki na mzamiaji hawezi kwenda.

Mwaka 1964 Mizar ilifanywa meli ya utafiti. Wataalamu wa Maabara ya Utafiti ya Jeshi la Majini waliunda fremu ya chuma, wakaifunga kamera, taa na kipimo cha nguvu za sumaku, kisha wakaikokota kwa waya mrefu karibu na sakafu ya bahari. Baadaye meli ilitobolewa kisima katikati ya tumbo lake, ili vyombo vishushwe pasipo kupigwa na mawimbi ubavuni. Meli ilikwenda polepole, ikarudi, ikaenda tena, kama mkulima anayelima shamba tuta kwa tuta. Kwa njia hiyo mwili wa Thresher uliovunjika ulipigwa picha mwaka huo huo.

Kazi ya pili ilikuwa ya hofu zaidi. Tarehe 17 Januari 1966, ndege ya kivita ya Marekani iligongana na ndege iliyokuwa ikiipa mafuta angani, karibu na kijiji cha Palomares katika Hispania. Watu 7 walikufa. Mabomu 4 ya nyuklia yakaanguka. 3 yalipatikana nchi kavu, na mawili kati ya hayo yalikuwa yamepasuka na kutawanya sumu ya plutoni mashambani. La 4 liliingia baharini. Mvuvi mmoja wa huko, Francisco Simó, alikuwa amekiona kitu kikishuka majini kwa mwavuli, naye aliweza kuonyesha mahali. Mizar ilikuwa miongoni mwa meli zilizotumwa, na vyombo vyake vilisaidia kuiongoza Alvin, nyambizi ndogo ya wataalamu, katika giza la chini. Bomu lilionekana, likapotea tena kamba ilipokatika, na hatimaye likatolewa tarehe 7 Aprili, siku 80 baada ya kuanguka.

Mwaka 1968 msiba ulirudi. Mwezi wa Mei nyambizi Scorpion ilipotea na watu 99, ikiwa njiani kurudi nyumbani. Jamaa zao walingoja bandarini wasiione. Wataalamu walichunguza sauti zilizonaswa na vyombo vya kusikilizia baharini, wakapima kwa hesabu mahali palipoelekea kuwa ndipo. Mizar ikapelekwa kusini-magharibi ya visiwa vya Azores, ikakokota kamera zake mwezi baada ya mwezi. Mwishoni mwa Oktoba picha zikaonyesha mabaki, chini ya maji zaidi ya mita 3,000. Sababu ya kuzama kwake wataalamu hawajaafikiana hata leo. Lakini wafiwa walijua angalau watu wao wamelala wapi.

Mwezi huo huo Alvin yenyewe ilizama, ingawa watu wake walijiokoa. Mwaka uliofuata Mizar ilisaidia kuiinua kutoka kiasi cha mita 1,500. Ndani yake kilikutwa chakula cha mchana kilichoachwa: mikate iliyotiwa nyama, mchuzi na matofaa, vimelowa lakini havijaoza, ijapokuwa miezi kama 10 ilikuwa imepita. Hivyo wataalamu wakatambua kwamba katika baridi na kina kile vitu huoza polepole mno, na kwamba takataka zitupwazo huko haziishi upesi kama watu walivyodhani.

Mizar iliondolewa katika orodha ya meli za jeshi mwaka 1990, pasipo kupiga mzinga hata mmoja vitani. Wahenga walisema: mtafutaji hachoki, na akichoka keshapata. Lakini habari zake zina onyo pia. Atiaye baharini chombo cha hatari yampasa kwanza awe na njia ya kukifuata, kwa maana bahari hupokea kila kitu bila kuuliza, na kurudisha si desturi yake.